Kipande chenye Nukta Nyekundu

Adhana ya magharibi ilikuwa ndiyo kwanza imenyamaza katika mji mdogo wa Avanos, na Rıfkı alikuwa anakokotwa mkono na mkewe kama mbuzi anayepelekwa mnadani, kwenda kujifunza kutengeneza taa.

"Perihan, mimi ni dereva wa basi," alilalamika. "Taa zangu ziko mbele na nyuma, na zote zinawaka."

"Na domo lako nalo linawaka kutwa. Tembea!"

Nafasi za somo hilo hazikuwa zao. Zilikuwa za watalii wawili wa basi lake, ambao mchana walikula nyama ya mtungini kwa pupa, na sasa walikuwa hotelini wameshika matumbo. Rıfkı angelala kwa raha zake. Lakini Perihan, ambaye miaka yote ya ndoa hakuwahi kumfuata mumewe safarini, safari hii alikuja kwa jambo moja tu: taa ya chumba cha mtoto.

Mtoto mwenyewe alikuwa bado tumboni mwa Selvi, binti yao wa pekee, nyumbani kwao Ankara, walikoishi pamoja. Mimba ilikuwa ya mwezi wa nane. Kabla yake walitangulia wengine wawili, na hakuna aliyefika hapo. Mara mbili kitanda kidogo kilinunuliwa. Mara mbili Rıfkı alikibeba begani kukishusha ngazi alfajiri, majirani wasije wakaona. Safari hii kitanda kilikuwa bado kimesimama pembeni mwa dirisha, na watu wa nyumba ile walipita karibu nacho kwa ncha za vidole, kana kwamba kingeshtuka.

Waliingia kwenye daraja la waenda kwa miguu, lile linaloning'inia na kuyumba ukikohoa. Chini yake Mto Kızılırmak ulipita mwekundu kwa udongo, kingo zake zimeanza kuganda barafu. Katikati ya daraja Rıfkı alipunguza mwendo bila kutaka.

Hapa ndipo alipolitupia shanga lake.

Madereva wa kwao hutundika shanga la jicho mbele yao, lile la buluu lenye mboni nyeusi, ili limtazame hasidi kabla hasidi hajawatazama wao. La Rıfkı lilikuwa kubwa kama kizibo cha soda. Selvi, enzi zile akiwa chekechea, alilitia nukta ya rangi ya kucha nyekundu katikati ya mboni. "Ili lisisinzie, baba." Likakaa hivyo hivyo miaka nenda rudi, hadi majira ya baridi yaliyopita. Mteremko wa barafu. Kona. Lori likatokea upande wake, mbele ya pua yake... Rıfkı alifumba macho. Alipoyafumbua lori lilikuwa limeshapita, abiria wanakoroma, na shanga limekatika vipande viwili bila kuguswa na mtu.

Tak!

Sauti ile hakuisahau.

Shanga likipasuka, ujue limelipokea jicho la hasidi lililokuwa linakuja kwako. Haliwekwi nyumbani. Unalitupa kwenye maji yanayokwenda, unashukuru, unaondoka bila kugeuka. Rıfkı alilitupa kutoka daraja hili hili. Alishukuru. Hakugeuka. Ila mdomo wake haujawahi kutulia hata msibani, basi akaongeza la kwake:

"Haya, nenda kamtafute mwingine!"

Madereva wenzake waliokuwa naye wakacheka, na yeye akacheka kuwazidi.

"Unawaza nini?" Perihan aliuliza.

"Nawaza daraja hili lilijengwa kwa ajili ya watu wembamba."

Karakana ilikuwa ng'ambo, mahali mto unapokata kona, chumba kilichochongwa ndani ya mwamba. Taa zilijaa darini, mviringo kwa mviringo, zikining'inia kama maboga. Hakuna hata moja iliyokuwa imewashwa. Mezani palikuwa na karabai moja tu, na nyuma ya meza alisimama mwenye karakana, Fundi Hacer, mwanamke mkavu aliyejifunga kitambaa cha kichwa cha kijivu. Upindo wa sketi yake ulikuwa umelowa.

"Taa zote hizi na tunakaa gizani!" Rıfkı alitania. "Fundi, umekatiwa umeme?"

"Humu haziwashwi," Hacer alijibu, kwa sauti ndogo mno. "Zitawaka kwenu."

Kulinuka gundi na chai. Na kwa chini, harufu nyingine... tope la mto, tope bichi, kama vile mtu ametoka kulichimbua sasa hivi.

Meza ya pili alikaa binti mmoja aliyeolewa juzijuzi, mikono yake bado ina hina. Jina lake Nilay, katokea Bursa, yuko fungate. Mumewe alikuwa amelala hotelini.

"Fungate gani hiyo, bwana analala magharibi?" Perihan alimchokoza.

"Kapanda lile puto linalopaa na watalii alfajiri, mama. Akaogopa kule juu mpaka akatapika. Kaniambia nisimwambie mtu."

"Na umemwambia nani?"

"Nyie tu. Na mama yangu. Na dada zangu."

Wanawake walicheka, na kuanzia hapo wakawa kama wametoka nyumba moja. Perihan, ambaye nyumbani hakuthubutu kulitaja tumbo la Selvi, alimweleza Nilay yote: wawili waliopita, kitanda, mwezi wa nane. Nilay aliweka kibano chini, akamshika mkono.

"Huyu atakaa, mama. Nitamwombea kila siku. Nimeshaanza."

Kazi yenyewe ilikuwa ya subira. Unachukua tufe la kioo, unalipaka gundi, unabandika vipande vya rangi kimoja kimoja kwa kibano. Palipobaki wazi unamwagia shanga ndogondogo. Kisha fundi analikandika tufe zima kwa plasta nyeupe mpaka linakuwa kipofu, halafu analifuta kwa sponji lenye maji, na rangi zinafumbuka.

Taa ya Rıfkı na Perihan ilikuwa ya kijani na njano, rangi alizochagua Selvi kwa simu. Vidole vya Rıfkı vilizoea usukani mkubwa, hivyo kila kipande alichobandika kilihamia kwenye kidole gumba.

"Hii taa au kitunguu?" Perihan alimwuliza.

"Mjukuu akilia, tutajua kilichomliza."

Taa ya Nilay ilikuwa ya buluu tupu, nyota ndani ya nyota. Alikuwa na mkono mzuri. Nyota ya katikati ilibaki na pengo moja, kwa sababu kila kipande alichojaribu kilikataa kukaa.

"Na sisi tutie buluu kidogo, ya kumkinga mtoto," Perihan alisema. Akaingiza kibano kwenye bakuli la mwisho, lililokuwa karibu na kiwiko cha Hacer. Vipande vya bakuli lile havikufanana na vya mengine. Vilikuwa vinene, kingo zake zimelainika. Akabandika kimoja katikati kabisa ya tufe lao.

Rıfkı alikitazama.

Nusu ya mboni nyeusi. Na juu yake, imefifia lakini ipo... nukta nyekundu.

 Alilisogeza tufe karibu na karabai. Rangi ya kucha. Upande mmoja ulikuwa na mkwaruzo wa kidole kidogo cha mtoto, kilichogusa kabla rangi haijakauka. Alikuwa ameendesha basi akiutazama mkwaruzo huo nusu ya maisha yake.

"Gundi imetuganda mpaka kwenye nywele," Perihan alisema, akiinuka. "Nilay mwanangu, twende bombani tukanawe. Mzee, usiharibu kitu!"

Wakatoka uani wakicheka. Mlango ukajifunga taratibu nyuma yao.



Kwenye bakuli, vipande viligongana vyenyewe. Tik... tik... kama meno ya mtu anayesikia baridi.

"Fundi," Rıfkı alinong'ona. "Vioo hivi unavitoa wapi?"

Hacer alikuwa anakoroga plasta. Hakuinua uso.

"Mnaniletea wenyewe."

"Mimi hiki nilikitupa mtoni."

"Wote mnatupa mtoni. Mto unakuja wapi?" Alinyoosha mwiko kuelekea dirishani, mahali maji yalipokuwa yanapiga kona chini ya ukuta wake. "Unatua hapa. Miaka yote mnaokoka huko juu, mnashukuru, hamgeuki. Mimi nilikuwa na mtoto wa kike. Alikuwa anacheza pale kwenye mchanga. Akawa anayaokota. Anasema, mama, tazama macho mazuri..."

Aliacha kukoroga.

"Shanga lake mwenyewe, nililombania begani, halikupasuka. Tulimkuta amekufa, nalo zima, linang'aa."

Rıfkı alikitazama tena kile kipande. 

"Jicho halimaliziki, kaka," Hacer alisema. "Linakukosa tu, halafu linangoja. Mimi nalitoa kwangu. Napeleka mbali. Huyu kidogo, yule kidogo. Nusu ya pili ya hilo lako ilishaondoka, kabla theluji ya mwaka jana haijayeyuka."

"Imekwenda kwa nani?"

"Kwa mwingine." Sasa aliinua uso, akamtazama. "Si ndivyo ulivyoliagiza? Nilikuwa chini ya daraja. Nilikusikia."

 Rıfkı alichomeka ukucha chini ya kipande, akakibandua. Akakipeleka bakulini.

Kiganja cha Hacer kilikuwa kimeshafunika bakuli.

"Kilichoonja gundi hakirudi humu. Kimetoka."

"Basi nakitupa nje!"

"Nje wapi? Wamesimama wapi hao wawili?"

Kutoka uani kilisikika kicheko cha Perihan, na maji.

"Lazima kikae kwa mtu. Una mfuko, wewe. Kiweke mfukoni mwako. Kilikuwa chako tangu mwanzo."

Akakiweka. Haki ya Mungu, alikiweka. Kwa muda wa pumzi chache Rıfkı alikuwa mwanamume aliyekubali mzigo wake. Kipande kilimgusa paja juu ya kitambaa, na baridi yake ikaingia mpaka kwenye mfupa. Akaiona kesho: mteremko ule ule, kona ile ile. Akayaona mataa ya lori. Safari hii hakufumba macho, akamwona hadi dereva wa lori, mdomo wazi.

Mkono wake ukatoka mfukoni wenyewe, umeshika kipande.

"Shanga jipya," alinong'ona. "Nikinunua jipya, kubwa zaidi..."

"Jicho lililokwisha kuvunja shanga halizuiwi na shanga. Limeshaizoea njia." Hacer akachota plasta kwa kiganja. "Fanya haraka. Nikishakandika, kila kitu kinabaki kilipo."

Bomba la uani lilifungwa.

Mezani kwa Nilay taa ya buluu ilikuwa inangoja, na pengo lake katikati ya nyota.

Rıfkı hakuwaza. Baadaye alijiambia hivyo mara nyingi, kwamba hakuwaza. Lakini aliwaza. Aliwaza kwamba Bursa ni mbali. Aliwaza kwamba binti huyu hamjui. Aliwaza kitanda kidogo kando ya dirisha, na bega lake likauma mahali pale pale alipokibebea. Akainama, akakisukuma kipande ndani ya pengo, nukta ikitazama ndani.

Kiliingia kama kilikatiwa hapo.

Bakuli likaacha kugonga.

Mlango ulifunguka. Nilay aliingia akifuta mikono kwenye sketi, akaiona taa yake, akapiga kelele ya furaha. "Heh! Nani kanimalizia nyota yangu?"

Rıfkı aliangalia viatu vyake.

"Mjomba wako huyo," Hacer alisema. "Kakuonea huruma."

"Mjomba, jamani! Na mikono yote hiyo kama mikate!" Nilay alimshika mkono, akaubusu mgongoni mwa kiganja na kuugusisha kwenye paji la uso wake, kama mtoto anavyomwamkia babu yake siku ya sikukuu. "Mungu akulipe vile vile ulivyonitendea."

Hacer alikandika plasta. Kwanza taa ya buluu. Alisugua kwa viganja vyake mpaka nyota zote zikapofuka.

Rıfkı hakula usiku ule. Perihan akadhani ni ile nyama ya mtungini.

Asubuhi alimwacha mkewe aende peke yake kuchukua taa, zilizokesha zikikauka. Yeye alibaki upande huu wa mto akipasha injini moto, kazi isiyohitaji hata robo ya muda alioipa. Kutoka kwenye kiti chake alikuwa anauona mto. Fundi Hacer alikuwa chini ya daraja, maji yamemfika magotini, barafu imemzunguka miguu, ameshika chekecheo la unga. Hatetemeki. Mtu fulani alipita darajani, akasimama katikati, akarusha kitu kidogo majini. Hacer aliinua kichwa.

Alikuwa anasikiliza.

Perihan alirudi na boksi lililofungwa magazeti, macho yamemvimba kwa machozi ya kuagana. Basi lilipoondoka, Nilay alikuwa amesimama kando ya barabara na mumewe, amekumbatia boksi lake kama mtoto, anapunga mkono. Anapunga kwa nguvu, anaruka ruka.

Rıfkı hakupunga. Alikanyaga mafuta.

Mteremko ulikuja. Kona ikaja. Lori moja likatokea, likapita upande wake kwa adabu. Mpaka wanafika tambarare kifua kilikuwa kimeshafunguka, na Rıfkı alishika kipaza sauti akawasimulia watalii kisa cha dereva aliyeolewa na basi. Walicheka. Alijisikia akicheka. Binadamu ni kiumbe wa ajabu, husahau kabla hajaosha mikono.

Ankara ilikuwa inaingia giza. Alimshusha Perihan na boksi lake mtaani kwao, akaenda kuwashusha watalii na kulaza basi, akarudi kwa miguu. Njiani alinunua mikate ya ufuta, ya moto, Selvi aliipenda. Alipokata kona ya mwisho aliinua macho kulitafuta dirisha la chumba cha mtoto.

Lilikuwa limewaka.

Buluu.

Alisimama. Magari yalipita. Kijani na njano, alijiambia, taa yetu ni ya kijani na njano. Hatukutia buluu. Ile moja niliibandua.

Mikate ilimdondoka. Akakimbia. Ngazi zile alizozilalamikia kila siku kwa sababu ya magoti alizipanda mbili mbili, na mlangoni Perihan alimpokea kwa uso unaong'aa.

"Njoo uone! Nilitaka nikushtukize. Yule binti wa watu, Rıfkı, kanililia asubuhi pale. Kasema, mama, tubadilishane. Mjomba mwenyewe kaitia mkono wake, basi hii ni taa ya mjukuu wake. Kachukua kitunguu chetu, katuachia nyota zake! Kuna watu wana roho nzuri dunia hii, we Rıfkı..."

Alimpita.

Chumba kilikuwa kimejaa nyota. Zilikuwa ukutani, kwenye pazia, kwenye kitanda kidogo. Taa ilikuwa inazunguka polepole kwenye mnyororo wake, na dirisha limefungwa. Selvi alikuwa amelala kwenye kochi chini yake, nguo imembana tumboni. Nyota zote zilikuwa zinazunguka, isipokuwa moja. Hiyo ilitulia juu ya tumbo. Nusu duara la buluu. Mboni nusu. Katikati, nukta nyekundu.

"Baba," Selvi alisema, anatabasamu. "Hii nukta... nimewahi kuiona wapi?"

"Zima!" Rıfkı alirukia swichi. Giza. Akaing'oa taa pamoja na mnyororo wake, akaipiga chini, ikasambaa.

"Una wazimu!" Perihan alipiga yowe mlangoni. "Rıfkı, una wazimu?"

Hakumjibu. Nuru ya barabarani ilikuwa inaingia kidogo, na kwenye reli ya kitanda, limefungwa kwa utepe mweupe, aliliona shanga dogo la jicho alilolinunua yeye mwenyewe. Jipya. Alipiga magoti mbele yake.

Pasuka, alinong'ona. Pasuka. Mungu wangu, pasuka.

"Baba?" Sauti ya Selvi ilitoka gizani, ndogo, kama ya chekechea. "Mbona ametulia? Alikuwa anacheza sasa hivi... Mama, weka mkono hapa. Mbona hachezi?"

Rıfkı alitega sikio. Alisubiri ile tak. Aliisubiri huku vipande vya kioo vinamchoma magotini, huku Perihan anaita jina la binti yake, anaita tena, huku majirani wanaanza kugonga ukuta.

Shanga lilimtazama. Zima. Linang'aa.